Droni inabeba kilo ngapi hasa? Mwongozo wa uzito na mzigo wa Hiace, kizazi kwa kizazi

Droni ni jina la mtaani la Toyota Hiace ya kizazi cha H200. Muulize muuzaji yeyote bondini Kampala, yaani kwenye yadi ya magari yaliyoagizwa, Hiace yake inabeba kiasi gani, atakujibu haraka: tani moja. Hakudanganyi. Ila tani hiyo ni ya gari lilivyotoka kiwandani Japan: viti vitatu mbele, sakafu tupu nyuma, bila karia, bila bampa ya bomba, bila spika. Likishafungwa viti 14 na karia juu, sehemu kubwa ya tani ile imeliwa kabla hujapakia hata mkungu mmoja wa matoke. Namba inayokufaa ni ya gari lako lilivyo leo, na hiyo huipati kwa muuzaji. Unaitafuta mwenyewe kwa mizani na hesabu ya kutoa.

Tunazungumzia Toyota Hiace kwa sababu ndiyo iliyojaa kwenye stendi na masoko ya Uganda. Mwenye Nissan Caravan au TownAce atafuata hatua hizi hizi, namba tu ndizo zitakazobadilika.

Kwanza, namba tatu

Uzito mtupu ni gari bila watu wala mzigo. Wajapani wanaupima tangi likiwa limejaa, oili na maji ya rejeta vikiwamo, lakini tairi la spea na vifaa havimo, wala dereva. Uzito wa jumla ni kikomo: gari, mafuta, watu na mzigo vikiwekwa pamoja visipite hapo. Uwezo wa kubeba ni kinachobaki katikati.

Japan hesabu hiyo huifanya hivi: uzito mtupu, jumlisha mzigo wa juu kabisa, jumlisha kilo 55 kwa kila mtu. Chukua van ya kilo 1,800 yenye viti vitatu na mzigo wa kilo 1,000. Watu watatu ni kilo 165, kwa hiyo uzito wa jumla ni kilo 2,965. Shika namba hii, tutaitumia mpaka mwisho. Angalia pia zile kilo 55. Mtu mzima wa kwetu, na mkoba wake mapajani, mara nyingi hupita hapo. Ukihesabu abiria wa Uganda tumia kilo 65, au 70 kama unataka kulala usingizi.

Hatua ya 1: Jua kizazi na injini

Usisome jina lililobandikwa mlangoni, kwa kuwa mafundi wa bodi hubadilisha nembo kama wanavyobadilisha taa. Soma namba ya chesisi. Kwa magari yaliyouzwa ndani ya Japan namba hiyo huanza na msimbo wa modeli, kwa mfano KDH201, kisha kistari, kisha tarakimu. Magari yaliyotengenezwa kwa ajili ya nchi nyingine yana namba ya herufi na tarakimu 17, na za Hiace kutoka Japan mara nyingi huanza na JTF.

H100, kizazi kilichotangulia droni, ilianza 1989 na ikakoma Japan 2004. Sheria ya Uganda ya 2018 ilipiga marufuku kuingiza gari lililofikisha miaka 15 tangu kutengenezwa, kwa hiyo karibu kila H100 unayoiona barabarani iko hapa nchini kwa muda mrefu. Imewekwa mabati ya kuziba kutu, sakafu ya pili ya chuma, majani ya springi ya ziada. Kwa H100, namba ya uzito mtupu ya kiwandani ni kumbukumbu tu. Usiitumie kwenye hesabu yoyote.

H200 ndiyo droni. Ilitoka 2004, na ndani ya kizazi hiki kimoja kuna magari mengi tofauti, hapo ndipo watu wengi wanapokosea. Herufi za mwanzo hukuambia injini: TRH ni petroli, KDH ni dizeli ya lita 2.5 au 3.0, GDH ni dizeli ya lita 2.8 iliyoanza mwishoni mwa 2017. Dizeli ni nzito kuliko petroli, na uzito huo unakaa mbele, chini ya viti vya dereva na abiria wake. Tarakimu nazo zina habari. KDH201 huvuta kwa magurudumu ya nyuma. KDH206 huvuta kwa yote manne, na mtambo huo huongeza zaidi ya kilo 100. Mwenye shughuli za barabara za udongo milimani atazihitaji kilo hizo. Anayekwenda Kampala hadi Jinja na kurudi anazibeba bure kila siku.

Bodi nyembamba ya H200 ina urefu wa milimita 4,695, upana wa 1,695 na umbali wa milimita 2,570 kati ya ekseli ya mbele na ya nyuma. Ile ndefu na pana ina urefu wa milimita 5,380 na umbali wa ekseli wa 3,110. Van nyembamba ya dizeli huwa na uzito mtupu wa kilo 1,700 hadi 1,900, ikitegemea mapambo na mitambo. Tofauti ya kilo 200 ni magunia manne ya saruji, na kwa macho magari hayo mawili ni pacha.

H300, ile yenye pua, ilizinduliwa 2019. Injini imetolewa chini ya viti ikawekwa mbele, ekseli zimetenganishwa hadi milimita 3,210 kwa fupi na 3,860 kwa ndefu, na upana umefika 1,950. Ni gari kubwa na tulivu zaidi, lakini likiwa tupu, lile la dizeli linapita tani mbili. Ukubwa wa sanduku usikufanye udhani mzigo umeongezeka kwa kiasi hicho hicho, maana sehemu ya ongezeko la uzito wa jumla imemezwa na bodi lenyewe. Japan imeendelea kutumia H200 kwa van zake za mizigo, ndiyo maana mabondi yetu bado yamejaa droni.

Hatua ya 2: Tafuta namba za kiwanda mahali zilipo kweli

Fungua milango ya mbele, utaona kibati chenye modeli, chesisi, injini, rangi na gia. Kwa gari lililouzwa Japan, kibati hicho hakina uzito wowote, kwa hiyo usipoteze muda hapo. Gari lililotengenezwa kwa soko la nje ndilo mara nyingi huandikwa uzito wa jumla na kikomo cha kila ekseli.

Kwa gari la Japan kuna sehemu mbili. Ya kwanza ni kibandiko cha mlango wa nyuma chenye herufi tano, 最大積載量, kikifuatiwa na namba na kg. Maana yake ni mzigo wa juu kabisa. Ukiona 1000 (850), namba ya kwanza ni ya gari likiwa na watu watatu, ya mabanoni ni likiwa na watu sita, viti vya nyuma vikiwa vimekunjuliwa. Ziko pia zilizoandikwa 1250. Wengi hukikwangua kibandiko hiki wakati wa kupaka rangi, kwa hiyo kipige picha kabla gari halijaenda kwa fundi.

Ya pili, na bora zaidi, ni cheti cha kusafirishia gari kutoka Japan kilichokuja na nyaraka za forodha. Kina uzito mtupu, uzito wa jumla, mzigo, idadi ya watu, na hata uzito wa ekseli ya mbele na ya nyuma gari likiwa tupu. Mdai muuzaji nakala yake kabla ya kulipa. Akisema imepotea, punguza bei kichwani mwako, maana kazi yote iliyobaki itakuwa ya kukisia.

Hatua ya 3: Lipime gari lako

Tafuta mizani ya magari inayomilikiwa na watu binafsi: maghala ya nafaka, viwanda na wanunuzi wa chuma chakavu wanazo. Nenda na tangi limejaa. Tangi la H200 ni lita 70, na lita moja ya dizeli ina uzito wa takriban kilo 0.84, kwa hiyo tangi lililojaa ni karibu kilo 59. Ukipima na robo tangi utajidanganya kwa kilo 44.

Acha ndani kila kitu ambacho huwa hutoki bila hicho: spea, jeki, maturubai, kamba, betri ya pili kama ipo. Toka nje wewe na msaidizi wako. Pima mara tatu: gari zima, kisha magurudumu ya mbele tu yakiwa juu ya mizani, kisha ya nyuma tu. Mbele na nyuma zikijumlishwa zinapaswa kukaribia namba ya gari zima. Zikipishana sana, sakafu ya mizani na ya nje haziko usawa mmoja. Rudia ukiwa umeachia breki na gia iko huru. Andika namba tatu, tarehe na orodha ya vilivyokuwamo.

Hatua ya 4: Hesabu ya kutoa

Van ya mizigo kwanza. Kiwandani ilikuwa kilo 1,800, leo mizani inasoma 1,920 kwa sababu ya karia, bampa, spea na vifaa. Kikomo ni 2,965. Baki ni 1,045. Ondoa dereva na msaidizi, kilo 140, unabaki na 905. Hayo ni magunia 18 ya saruji. Si 20, na wala si 30 kama wengine wanavyopakia kwa kuwa nafasi bado ipo. Magunia 20 ya saruji hayafiki hata mita moja ya ujazo, na sanduku la droni nyembamba lina takriban sita. Kwa bidhaa nzito gari litaonekana tupu wakati limeshajaa.

Sasa gari hilo hilo lifanye teksi. Tuseme baada ya viti, karia na vinginevyo mizani inasoma 2,000. Baki ni 965. Dereva na abiria 14, kila mmoja kilo 65, ni 975. Umepita kikomo kwa kilo kumi na bado hakuna begi hata moja, wala kondakta, wala kuku, wala gunia la viazi kwenye karia. Hesabu hii wenye teksi hawaipendi, lakini ndiyo inayoeleza kwa nini beringi na springi za nyuma za gari lililobadilishwa huisha mapema hata likiendeshwa kwa adabu. Anayenunua leo kwa ajili ya abiria atafute lililotengenezwa kwa ajili ya abiria tangu mwanzo, ama achague viti vyepesi. Kabla fundi hajafunga viti, ning'iniza kimoja kwenye mizani ya gunia. Kilo tano zikipungua kwa kila kiti ni kilo 60 kwa viti kumi na viwili.

Uzito wa bidhaa usiukisie. Saruji na sukari ni kilo 50 kwa mfuko. Gunia la mahindi huitwa la kilo 100 lakini lililoshindiliwa hupita. Jerikani ya lita 20 ya maji ni kilo 20 na chombo chake kilo moja hivi. Ya mafuta ya kula ni karibu 18.5. Nondo ya milimita 12 yenye urefu wa mita 12 ni kilo 10.7, ya milimita 16 ni 19. Makaa na matoke hayana kipimo cha kudumu. Pima magunia au mikungu mitano iliyo tofauti kwa ukubwa, gawanya upate wastani, zidisha kwa idadi. Makaa yaliyonyeshewa yanaweza kukushangaza.

Hatua ya 5: Tairi

Van ya Japan nyembamba hutoka na tairi za 195/80R15 107/105. Namba 107 inamaanisha tairi moja linabeba kilo 975 likiwa na upepo wake kamili (105 ni kwa tairi zinazofungwa mbili mbili). Sasa mmiliki anataka gari liwe chini na la kupendeza, anafunga tairi za gari dogo zilizoandikwa 94. Hizo ni kilo 670 kila moja. Nne ni 2,680, chini ya uzito wa jumla wa gari letu. Ekseli ya nyuma ndiyo mbaya zaidi: ikiwa tupu ni kilo 800 na mzigo ukaongeza 750, ni 1,550, na tairi mbili za 94 hubeba 1,340 tu. Tairi la namna hiyo halipasuki siku ya kwanza. Linapasuka mchana wa jua kali, mwendo ukiwa mkubwa, baada ya wiki kadhaa za kupata joto. Fundi husema ni barabara.

Namba nyingine za kukumbuka: 98 ni kilo 750, 102 ni 850, 104 ni 900, 106 ni 950. Kwenye tairi la mtumba soma pia tarakimu nne za mwisho baada ya DOT. 2318 ni wiki ya 23 ya mwaka 2018.

Upepo uangalie kwenye kibandiko cha mlango wa dereva. Umeandikwa kwa kPa, na geji za vituo vyetu vya mafuta husoma psi. Kila kPa 100 ni psi 14.5, kwa hiyo kPa 350 ni karibu psi 51. Kupunguza upepo ili abiria wasirushwe kunapunguza kilo ambazo tairi linaweza kubeba, hata namba iliyochorwa ubavuni iseme nini.

Hatua ya 6: Mzigo ukae wapi

Uzito wa jumla ukiwa sawa, ekseli moja bado inaweza kuzidiwa. Kanuni ni rahisi: zidisha kilo za mzigo kwa umbali wa kitovu chake kutoka ekseli ya mbele, kisha gawanya kwa umbali kati ya ekseli mbili. Jibu ni kilo zinazoangukia nyuma. Zilizobaki ni za mbele.

Kwa droni nyembamba na mzigo wa kilo 900: kitovu kikiwa mita 2.15 nyuma ya ekseli ya mbele, nyuma zinakwenda kilo 753 na mbele 147. Ukiurundika mlangoni kitovu kikawa mita 3.0, nyuma zinakwenda 1,051, yaani zaidi ya mzigo wenyewe, na ekseli ya mbele inanyanyuliwa kilo 151. Usukani unakuwa mwepesi, gari linayumba likipishana na lori, taa za usiku zinamulika miti. Ukiusukuma wote nyuma ya viti, kitovu mita 1.4, mbele zinaongezeka 410 juu ya injini na watu, na torsheni baa za mbele, vyuma vinavyofanya kazi ya springi, zinalala. Vizito viwe sakafuni, karibu mbele kidogo ya ekseli ya nyuma. Vyepesi ndivyo viende mlangoni. Bodi ndefu ya mita 3.11 husamehe zaidi, lakini mkia wake nao ni mrefu, na kilichowekwa mlangoni kina nguvu ile ile ya kunyanyua.

Karia ni ya vitu vyepesi. Mikungu ya matoke iliyopangwa juu hupandisha kitovu cha uzito, na kwenye kona za Kabale au mteremko wa Kapchorwa gari linaanza kulala ubavu kabla breki hazijakusaidia.

Kuongeza majani ya springi

Dawa inayopendwa gereji ni kuongeza jani moja au mawili nyuma. Gari linanyanyuka, mwenye gari anafurahi, na uzito wa jumla unaoruhusiwa unabaki pale pale. Ekseli, beringi, breki na tairi hazikuongezwa kitu. Jani lenyewe pia ni chuma, limeshakula kilo kadhaa za mzigo.

Hatari kubwa zaidi haionekani. Hiace nyingi zisizo na ABS (mfumo unaozuia magurudumu kuganda ukifunga breki) zina valvu ya breki ya nyuma iliyounganishwa na ekseli kwa fimbo. Gari likishuka kwa mzigo, fimbo inaiambia valvu ipeleke nguvu zaidi nyuma. Majani ya ziada hulizuia gari kushuka, valvu inadhani gari ni tupu, na breki za nyuma zinapewa nguvu kidogo. Kazi yote inabaki kwa pedi za mbele, ambazo hupata moto kwenye mteremko mrefu hadi pedali inalainika. Kama lazima uongeze majani, fundi airekebishe fimbo hiyo kufuatana na urefu mpya wa gari, na asiifunge kwa waya. Kagua pia boliti ya katikati ya majani, kwa sababu ikikatika ekseli inateleza na gari linakwenda mshazari.

Mizani ya barabarani ya Lukaya, Magamaga au Busitema haitakusaidia kugundua haya. Sheria ya udhibiti wa mizigo ya Afrika Mashariki ya 2016 inalazimisha kupimwa kwa magari yenye uzito wa jumla kuanzia kilo 3,500. Droni nyembamba iko chini ya hapo. Askari wa trafiki ataangalia idadi ya abiria, tairi na jinsi gari lilivyolala.

Hatua ya 7: Weka alama

Huwezi kwenda kwenye mizani kila safari. Pakia mara moja mzigo kamili uliouhesabu, pima kwenye mizani kuhakikisha, kisha egesha mahali tambarare. Kwa futi ya kupimia, chukua urefu kutoka katikati ya gurudumu hadi ukingo wa matao ya bodi juu yake, magurudumu yote manne. Fanya hivyo pia gari likiwa tupu. Andika namba hizo nane ndani ya kifuniko cha boksi la dashibodi. Siku nyingine ukipakia bidhaa usiyoijua uzito, pima tena: urefu wa nyuma ukiwa chini ya alama ya mzigo kamili, shusha. Ukibadilisha springi, tairi za ukubwa mwingine au viti, alama hizo zimekufa; rudi kwenye mizani uanze upya kutoka hatua ya 3.